Doa la Halua Kwenye Hati ya Baba

Usiku wa jana niliota nipo ofisini Tanga, kwenye meza ninayochapia hati za wakili, mlango ukagongwa na miguu miwili. Miguu na kiuno tu, vimevaa msuli. Juu yake hapakuwa na kitu.

"Shikamoo," nikasema, maana miguu yenyewe ilikuwa ya mtu mzima.

"Marahaba. Mimi ni mwisho wa hati ya baba yako. Mwanzo wangu uko wapi?"

Mwanzo ulikuwa mkobani mwangu. Baba, Mzee Mbaruku, aliandika hati za watu wa Pangani kwa miaka arobaini, na wiki aliyokufa alikuwa anaandika yake: chumba cha uani anampa dada yake, Shangazi Mwantumu, akae humo maisha yake yote. Hati ina Bismillahi, ina mipaka yote minne, kisha chini ni peupe. Hakuna tarehe, hakuna mashahidi, hakuna lile "wakatabahu Mbaruku kwa mkono wake" alilofungia hati za kila mtu.

Na haina doa. Baba hakuwa akifunga hati mpaka mashahidi wanywe kahawa na kula halua, naye akila nao, halafu anaishika karatasi kwa vidole vilevile. Basi hati zake zote zina doa la samli chini, pembe ya kulia. Watu walilitania, lakini waliliamini kuliko sahihi. Juzi kaka yangu Mohsin aligeuza karatasi huku na huku, akasema, "Haina doa. Baba alighairi." Shangazi akaambiwa ahame leo saa nne.

"Twende tukamalizie," miguu ikasema.

Nikafungua kabati la mafaili, na ndani mna baraza yetu ya Pangani. Ni ile ya zamani, kabla haijapigwa sementi. Jamvi limetandikwa, birika la kahawa liko juu ya makaa, harufu ya iliki imejaa hadi mlangoni. Nimeikumbuka baraza ile mpaka nalia hapohapo.

"Usilie juu ya wino," anasema Muhuri, ule wa kugongea hati, sasa umekuwa mtu. Amekaa kwenye kigoda, kipara kinang'aa, ana mafua. "Tuanze. Mwandishi awe na akili timamu. Akili yake iko wapi?"

"Chini ya kawa," birika likajibu. "Niliifunika, nzi wengi."

Muhuri akafunua, akachungulia, akafunika. "Imetimia. Tarehe!"

Wakaja wawili, mmoja wa mwezi mwandamo, mmoja wa kalenda ya ukutani, wakagombea kiti kimoja. Muhuri akawaambia wabanane.

"Sasa mwandishi, kwa mkono wake."

Ukapanda ngazi mkono peke yake. Niliujua mara moja. Kidole cha kati kina sugu ya kalamu, cha mwisho kimepinda tangu kilipobanwa na mlango nikiwa darasa la tatu.

"Baba mwenyewe yuko wapi?"

"Masharti yanasema mkono," Muhuri akajibu, akapiga chafya. "Mdomo haukutajwa."

Nikaushika. Ulikuwa na joto. Nikauliza lile lililonikera miezi minne: "Baba, kwa nini hukuifunga?"

Mkono ukachukua kalamu, ukaandika hewani, na maandishi yakabaki yananing'inia. *Nilikuita uje unywe kahawa. Ulisema kesho.*

Ni kweli. Alinipigia Jumatatu: "Mwanakombo, njoo unywe kahawa." Jumanne akapiga tena. Mimi, mtoto wa mwandishi wa hati, niliyelelewa juu ya jamvi lile, nikadhani kahawa ni kahawa. Alhamisi nilikwenda kuzika.

"Nilichemka siku mbili," birika likasema, bila kinyongo. "Mpaka nikakauka."

Nikaomba radhi. Niliuomba mkono, nikaliomba birika, nikaiomba hata ile miguu. Mkono ukanipiga kikofi kichwani, kama utotoni nilipokuwa nachelewa chuoni kusoma Kurani, kisha ukamega halua, ukapapasa karatasi, ukatafuta pembe ya kulia.

Niliamka kunakucha. Nikaitoa hati mkobani mbio. Chini bado ni peupe, neno halijaongezeka. Lakini pembeni kulia pana doa, bichi, na juu yake punje moja ya ufuta.

Saa nne nilikuwa Pangani. Mizigo ya shangazi ilikuwa imeshatolewa nje, imefungwa kwa kamba, naye amekaa juu ya kirago chake anatazama chini. Nikampa Kaka Mohsin hati. Sikumsimulia ndoto, angenicheka. Akaliangalia doa, akaligusa, akanusa kidole. Kisha akakaa kwenye baraza, mahali palepale mashahidi walipokuwa wakikaa, akajifuta macho kwa kanzu.

"Kalamu unayo?" akaniuliza.

"Ninayo."

"Basi kaa, Mwanakombo. Mashahidi tuko wawili, tunatosha." Akamgeukia shangazi. "Shangazi, fungua mizigo, utoe birika."