Karamu Juu ya Mto Uliogawanywa

Habari za mkataba zilifika Madawaska, vijiji vya kingo zote mbili za mto, wakati wa kuvuna viazi. Padri alizisoma kanisani: Waingereza na Wamarekani wamemaliza ugomvi wao, mpaka utapita katikati ya mto. Kaskazini kwa Malkia wa Uingereza, kusini kwa Marekani.

"Na sisi, nani katuuliza?" Euphrosine Thibodeau alipaza sauti humo humo kanisani.

Watu wakacheka, ila cheko lenyewe lilikuwa chungu. Wazee wao walishawahi kung'olewa makwao na Waingereza kwa mtutu wa bunduki.

Euphrosine, mjane, alikaa kusini ya mto. Bintiye, Séraphie, aliolewa Januari na Magloire wa kaskazini. Ndoa ilifungwa asubuhi. Karamu ilikuwa iliwe kwa bwana harusi. Mto ulikuwa umeganda, kwa hiyo Euphrosine alipakia nyama, supu ya kunde na chapati za maji kwenye sleji, gari lisilo na magurudumu linalokokotwa na farasi juu ya barafu, akateremka mtoni. Luteni wa Kimarekani akamzuia ukingoni.

"Mama, ng'ambo sasa ni nchi nyingine. Chakula hakivuki bila kibali."

"Ng'ambo gani, mwanangu? Baba yangu alifyeka msitu kingo zote mbili, kabla wakubwa wako hawajajua hata kama mto huu una jina!"

"Amri ni amri."

"Haya. Mpaka wenyewe uko wapi?"

"Katikati ya mto."

"Basi sitauvuka."

Akamchapa farasi. Katikati ya mto akasimama, akashusha mbao za sleji, akazipanga juu ya mapipa ya chakula, akatandika kitambaa cheupe. Kisha akaita kwa sauti iliyofika kingo zote mbili: "Jamani, njooni mle, chakula kinapoa!"

Wakaja. Kaskazini walikuja, kusini walikuja, na viti vyao vichwani. Magloire alimketisha mkewe penye mpaka wenyewe. Fidla ikaanza, buti zikatwanga barafu.

Luteni alishuka, uso umemwiva kwa baridi na hasira.

"Wewe mama, raia wa wapi wewe?"

Muziki ukanyamaza. Euphrosine akafuta mikono kwenye aproni bila haraka.

"Mimi ni wa Madawaska. Wakubwa wako wamegawana mto, hawajanigawa mimi. Unakula au unarudi?"

Luteni alitazama nyuso zile zote. Hakuna aliyeinamisha macho. Akageuka, akarudi ukingoni peke yake.

Jua lilipotua Séraphie alikwenda kaskazini na mumewe. Mama yake alirudi kusini akiongoza farasi, kichwa juu, bila chozi, akiimba.