Maziwa ya Plamedie

Nilikuwa nachuja maziwa kwa kitambaa, bidoni moja yetu, bidoni moja ya Plamedie, wakati mjumbe wa tribinali alipogonga mlango wa mabati. Mume wangu Michel alipokea karatasi kwa mkono wenye povu la sabuni, maana alikuwa ananyoa. Alinyoa kila asubuhi kabla ya kupeleka maziwa Bigo, mtaa alikokaa Plamedie na mama yake. Kanisani alikuwa anakwenda na ndevu zake.

Plamedie alikuwa mtoto wake kwa Kavira, kabla yangu. Vita viliwatawanya: Michel akavuka mpaka na ng'ombe wa baba yake, Kavira akakimbilia Beni na mimba. Watu walipoanza kurudi Bunia, wakisalimiana kwa uangalifu kama wagonjwa waliotoka kitandani jana, Michel alimtafuta mpaka akachoka. Ndipo akanioa mimi, mwalimu mpya niliyetoka chuoni. Kavira aliporudi, amemshika mtoto mkono, mahari yangu ilikuwa imekwisha kulipwa. Tribinali ikaamua: karo ya shule, na maziwa kila asubuhi, kwa kuwa baba ni mfugaji.

Haikusema ayapeleke nani.

Sikuwahi kumuuliza Michel kitu. Nilikaza tu kifuniko cha ile bidoni kwa nguvu zangu zote, ili yule mwanamke ahangaike kukifungua. Kisha nikawaza kwamba atakayemfungulia ni Michel, akiwa amesimama karibu naye, na nikaanza kukilegeza. Wifi yangu Bibiane alinikuta siku moja nikikaza na kulegeza, akacheka mpaka akaketi chini.

"Mwalimu muzima," akasema, "unasikilia bidoni wivu?"

Karatasi ilisema Kavira anaomba uamuzi ule uangaliwe upya. Nilikaribia kufurahi. Bila shaka alitaka kuongezewa, na mwanamke mwenye tamaa unaweza kumchukia bila kuona haya.

Sasa ninafundisha Ariwara, mbali na Bunia, ninalala katika chumba changu mwenyewe, na ile benchi ya tribinali naiona bado. Kavira alikuwa mwembamba kuliko nilivyokuwa nimemtengeneza kichwani. Alinisalimu kwanza. Jaji akasoma uamuzi wa zamani, akauliza ni kitu gani mtoto anakosa.

"Hakuna kitu inapungua, Bwana Jaji," akasema Kavira. "Maziwa inafikaka. Lakini anailetaka yeye mwenyewe, anaikala mupaka jua inapanda. Kuko mwanaume wa Marabo alikuya juu ya kunioa. Alimukuta kwenye kiti, akarudia kwao."

Aliomba maziwa yaletwe na mtu mwingine yeyote. Hata na mimi, akasema, akinielekezea kidevu kwa heshima.

 Neno ambalo sikuthubutu kulitamka ndani ya nyumba yangu, yeye alikuwa amenisemea mbele ya watu. Ningeweza kumkumbatia.

Jaji akamgeukia Michel. Michel akasema wachungaji wake si watu wa kuaminiwa na maziwa. Jaji akamkumbusha kwamba mkewe yupo. Michel akasema njia bado haijatulia vizuri. Karani akatabasamu, maana kutoka kwetu hadi Bigo wanawake walipita na vikapu vyao tangu alfajiri. Michel akasema mtoto atamkosa. Jaji akaandika kwamba Plamedie atashinda kwetu kila Jumapili, na Kavira akakubali kabla hajaulizwa. Sababu za Michel ziliondolewa moja moja, polepole, kama mtu anayetolewa miiba.

"Basi, Baba Plamedie," akasema jaji, bila ukali, "weye unapoteza nini?"

Michel alikunja kofia yake, akaikunjua. Kavira aligeuka kumtazama. Nami nilimtazama, na kwa mara ya kwanza yule mwanamke na mimi tulikuwa tunangoja jibu lile lile.

"Sitaki aolewe," akasema.