Kadi Mahali pa Faili

Walipofungua kesi dhidi ya chuo walikuwa wastaafu watatu. Mmoja alihamia kwa mwanawe, mwingine alichoka na tarehe zisizokwisha. Mzee akabaki peke yake kwenye benchi la nyuma la mahakama. Si kwamba alikuwa shujaa. Nyumbani hakukuwa na mtu wa kumwambia basi, yaache.

Chuoni walimwita Bwana Kadi. Miaka thelathini na mmoja alikuwa karani wa masjala, chumba cha kutunzia mafaili ya wafanyakazi, na humo faili halikutoka bila kadi kubaki mahali pake: nani amechukua, sababu, na siku ya kurudisha. Siku ikipita, alilifuata mwenyewe, ofisi kwa ofisi, na maprofesa walimkimbia. Nyumbani mkewe alimtania kwa ugonjwa huo huo. Jirani akiazima sufuria, mama huyo alibandika karatasi rafuni: "Sufuria moja. Amechukua: jirani. Kurudisha: akikumbuka." Halafu anacheka mpaka machozi.

Alipostaafu, chuo kilimkokotolea pensheni kana kwamba miaka tisa ya mwanzo hakuwapo kazini. Ushahidi wake ulikuwa barua moja tu ya ajira, iliyokuwa ndani ya faili lake, na chuo kilisema faili hilo halionekani. Kwa miaka mitatu alimwapia kila aliyemsikiliza kwamba wamelificha makusudi.

Siku hiyo wakili wa chuo alisimama na kadi ya manjano mkononi.

"Mheshimiwa, hatukuficha kitu. Hii ndiyo tuliyoikuta rafuni, mahali pa faili lake."

Hakimu akaisoma kwa sauti. "Amechukua: mimi mwenyewe. Sababu: kumwonyesha mke wangu, hospitali. Kurudisha: Jumatatu." Akainua macho. "Mzee, mwandiko huu ni wako?"

Jumatatu ile ndiyo aliyomzika mkewe.

"Ni wangu, mheshimiwa. Nilisahau. Haki ya Mungu, nilisahau."

"Lete faili kesho saa tatu. Usipolileta, kesi naifuta."

Wenzake wa zamani wangekuwapo wangemcheka mpaka akome: Bwana Kadi kukaa na faili miaka mitatu! Hakuwapo hata mmoja, na hilo lilimuuma kuliko aibu yenyewe.

Sasa alikumbuka fika lilipo. Mkoba wa hospitali ulining'inia nyuma ya mlango wa chumba cha kulala, haujaguswa tangu manesi wamkabidhi. Kila Jumapili binti yake alipiga simu kutoka mbali na kuuliza, "Baba, ule mkoba umeshaufungua?" Naye hujibu, "Nitaufungua, mwanangu, nimebanwa na kazi." Kazi gani? Aliogopa tu kwamba akiufungua, harufu ya mkewe itatoka na kwisha.

Alasiri hiyo aliuweka kitandani, upande wa mkewe, akavuta zipu. Kitana. Miwani. Sweta. Chini kabisa, faili. Barua ilikuwemo, na mhuri wake, na miaka yote tisa. Alipaswa kufurahi.

Akafunua jalada, pale ilipobanwa picha aliyompelekea mkewe aione, ya siku ya kuajiriwa, kijana asiye na mvi wala kitambi. Picha haikuwepo. Mahali pake palibanwa kipande cha boksi la dawa, mwandiko unatetemeka: "Picha moja. Amechukua: mkeo. Sababu: nakwenda nayo. Kurudisha:" Hapo hapakuandikwa kitu.

Alicheka kidogo, kisha akalia kwa sauti, kwa kuwa hapakuwa na wa kumsikia.

Asubuhi hakimu aliisoma barua mara mbili, akamwangalia wakili wa chuo, na wakili akainamisha kichwa.

"Miaka tisa hii mtailipa," hakimu akasema. Akamgeukia mzee. "Sasa faili lihifadhiwe. Limekamilika?"

Mtu mwingine angesema ndiyo akaenda zake. Mzee alisimama wima, kama alivyosimama mlangoni mwa masjala.

"Halijakamilika, mheshimiwa. Picha moja iko nje."

"Nani kaichukua?"

"Mke wangu."

"Ataileta lini?"

"Hakuandika siku," mzee akasema. "Nitaifuata mwenyewe."