Msichana wa Sekunde Nne

Siku ya arobaini na nane tangu mke wangu afariki, nilivaa viatu vya kutembelea, nikapanda kivuko kutoka kisiwani kwetu, nikaenda kujiunga na watalii wanaozungushwa mji wa Onomichi kuonyeshwa mahali ilipopigwa ile filamu. Binti yangu Kaoru alidhani nimeanza kupata nafuu. Sikumbishia. Kesho yake, siku ya arobaini na tisa, tulikuwa tupeleke majivu ya mama yake kaburini, na alikuwa na mambo chungu nzima ya kupanga: mtawa, maua, chakula cha wageni. Baba anayetoka nyumbani kwa miguu yake mwenyewe alimpunguzia jambo moja kichwani.

Ukweli ni kwamba sikuwa nimepata nafuu, wala sikuwa naumwa. Nilikuwa nimekufa ganzi. Nimechomelea vyuma vya meli miaka thelathini na minane, na najua mkono unavyokuwa ukishinda na mashine kutwa nzima. Jioni unauingiza kwenye maji ya moto na husikii kitu. Mimi nilikuwa hivyo mwili mzima. Watu walikuja msibani wakalia, nami nikawa nawapitishia chai na kuwauliza kama inatosha sukari.

Nilichofuata kule ni kitu kimoja. Katika filamu ile mke wangu Chizuru anaonekana kwa sekunde nne. Ana miaka kumi na saba. Anashuka ngazi za mawe amevaa yukata, lile vazi la pamba la kiangazi, na mkononi ana tikiti maji ndani ya wavu. Anapishana na mwanafunzi aliyerudi kwao likizo, anainamisha kichwa, anapita. Basi. Lakini huu mwaka wa arobaini na moja wapenzi wa filamu hiyo wanasema yule msichana ni mzimu, na ushahidi wanao: yukata yake imefungwa upande wa kulia ukiwa juu. Sisi tulio hai hufunga wa kushoto ukiwa juu. Kulia juu ni maiti, anapovishwa kuingia jenezani.

Mimi peke yangu nilijua ilikuwaje, na nilimwahidi Chizuru sitamwambia mtu. Kesho angeingia ardhini. Nilitaka nisikie kwa masikio yangu wanavyomsema, kisha niamue: nimwache aende hivyo, mzimu midomoni mwa watu, au nivunje ahadi.

Tulikusanyika mbele ya stesheni. Mwenye kutuongoza aliitwa Bi Tokushige, mama wa miaka sitini na kitu, mwembamba, mwenye kibendera cha njano na jalada la picha lililovimba. Kulikuwa na mume na mke wa makamo ambao sikuwasikia wakisema neno mpaka mwisho, na wasichana wawili marafiki kutoka Osaka, Honoka na Ritsuko. Hao walisema kwa niaba ya wote.

"Mwenye goti bovu aseme sasa hivi," Bi Tokushige alitangaza. "Juu huko hakuna wa kumbeba mtu." Akanitazama mimi. "Mzee, umetoka mbali?"

"Ng'ambo hapo."

"Ng'ambo hapo? Dakika tano za kivuko, na leo ndiyo unakuja?"

"Nilikuwa na kazi."

"Miaka arobaini?"

"Kazi ilikuwa nyingi."

Wasichana wakacheka. Niliona wamecheka, nikaendelea kutembea.

Watu hawa wana utaratibu wao. Wakifika mahali, kila mmoja anapewa picha iliyotolewa kwenye filamu, anainyoosha mbele ya uso, anarudi nyuma hatua moja, anasogea kushoto kidogo, mpaka reli ya kwenye picha iungane na reli yenyewe na paa liungane na paa. Zikishaungana, wanatoa sauti ndogo, kama mtu aliyeingia kwenye maji ya kuoga. Walifanya hivyo pale barabara inapokata reli. Wakafanya hivyo mbele ya duka la tofu ambalo sasa ni maegesho ya magari, ingawa hapo hakikuungana kitu isipokuwa nguzo ya umeme. Mimi pia nilinyoosha picha yangu. Niliona nguzo mbili zimekuwa moja, nikairudisha.

Kisha tukapanda. Onomichi ni mji uliojengwa na watu wenye chuki na magoti. Ngazi, hekalu, ngazi, paka, ngazi. Tulipofika kwenye zile ngazi zenyewe, nilizitambua kabla hajasema. Nimezipita mara nyingi nikiwa na Chizuru mwenyewe, naye siku zote aliongeza mwendo hapo.

"Haya," Bi Tokushige alisema, akashusha sauti. Ilionekana amezoea kuishusha papo hapo. "Kwenye filamu ni siku ya Bon, wafu wanarudi majumbani mwao. Kijana anapanda, msichana anashuka. Tazameni kifua cha yukata."

"Kulia juu," Honoka alinong'ona.

"Kulia juu. Mwongozaji wa filamu hakuwahi kulieleza jambo hilo mpaka anakufa. Kijana hageuki nyuma. Angegeuka, mnadhani angemwona mtu?"

"Nimesisimka," Ritsuko alisema. "Tazama mkono wangu."

Nilisikiliza yote hayo. Nilingoja hasira, haikuja. Nilingoja huzuni, nayo vilevile. Nikajiambia, umesikia, sasa nenda nyumbani.

Lakini utaratibu ulikuwa haujaisha. Bi Tokushige alitoa mkobani yukata ya buluu iliyoiva, yenye maua meupe, na mpira uliopakwa rangi ya tikiti na kutiwa kwenye wavu. Kila kundi huigiza zile sekunde nne, mmoja akipiga picha.

"Msichana atakuwa Honoka," alisema. "Mwanafunzi atakuwa mzee wetu."

"Mwanafunzi aliyefeli miaka arobaini," Ritsuko alisema, akiandaa simu yake.

Honoka akaivaa yukata juu ya nguo zake, na Bi Tokushige akaanza kumfunga. Kushoto kwanza mwilini, kisha kulia juu yake. Alifanya haraka na vizuri. Nikamtazama.

Mara ya mwisho kuona mikono ikifanya hivyo ilikuwa nyumbani kwangu. Walikuja kinamama wawili wa shughuli za mazishi, wameleta kanzu nyeupe, wakamvisha Chizuru, na mmoja akaniuliza kama ningependa kufunga mkanda mimi. Niliufunga. Kulia juu, kama inavyotakiwa. Nilichowaza wakati ule, na sijamwambia hata Kaoru, ni kwamba safari hii umepatia, Chizuru.

Alinieleza mara moja tu. Kaoru alikuwa ametimiza miaka ishirini, anatakiwa avishwe kimono cha sherehe, na mama yake akakataa katakata kumvisha, akampeleka saluni. Nilimuuliza kulikoni. Alimimina chai, akaiacha ipoe. Kisha akasema, "Baba Kaoru, nikikwambia usimwambie mtu." Mama yake yeye Chizuru alifariki majira ya machipuko. Agosti mwaka huohuo wakaja watu wa filamu, wakataka wasichana wa mjini waje na yukata zao wakiwa wameshavaa. Chizuru akatoa ya mama yake kabatini. Hakuna aliyekuwa amewahi kumfundisha. Akasimama peke yake chumbani, akajaribu kukumbuka inafungwaje, na mtu pekee aliyewahi kumtazama kwa makini akivishwa ni mama yake, siku ile ya jeneza. Akafunga vilevile alivyoona. Alikuja kugundua kosa mwaka uliofuata, ukumbini filamu ilipoonyeshwa, mji mzima ukiwa umekaa, shangazi yake akiwa ameziba mdomo kwa kitambaa.

Ningependa kusema pale kwenye ngazi niliamua. Sikuamua kitu. Mikono ilitangulia. Nilimsogelea Honoka, nikashika kola, nikaufungua ule upande wa kulia.

"Huu unatangulia chini," nilisema. "Kushoto juu."

"Mzee," Bi Tokushige alisema kwa upole, "huyu ni mzimu. Ndivyo inavyotakiwa."

"Si mzimu. Ni mke wangu."

Ritsuko akashusha simu. Treni ilipita chini kule. Bi Tokushige alinitazama usoni, kisha akaketi kwenye ngazi, taratibu, kibendera mapajani.

"Chizuru?" aliuliza. "Chizuru wa duka la chumvi?"

"Huyo huyo."

"Hajambo?"

"Kesho ni siku ya arobaini na tisa."

Wasichana waliinama, na wale mume na mke pia. Bi Tokushige hakuinama. Alikuwa anapiga hesabu ya kitu kingine.

"Mimi nilikuwapo," alisema. "Nilikuwa na miaka ishirini na miwili. Kinamama wa mji walinipa kazi ya kukagua mavazi ya wasichana kabla hawajaingia kwenye picha. Nilimwona. Alikuwa amesimama pale, karibu na ukuta. Mwongozaji alishasema twende, watu wazima wote wamenyamaza, jua linakwisha. Nikasema moyoni, mimi nani niwasimamishe. Nikanyamaza. Ilikuwa hatua tatu tu kumfikia."

"Hii ya mzimu aliianzisha nani?" niliuliza.

"Nani mwingine? Filamu ilipotoka watu walimcheka. Walisema binti hana mama wa kumfunza. Nikaanza kusema hapana, nyie hamjui sinema, ile ni makusudi, yule ni mzimu. Nilisema mpaka wakaamini. Sasa wanakuja kutoka Osaka." Alijifuta pua. "Alinichukia?"

"Hakujua ni wewe. Ya mzimu aliisikia. Alicheka. Alisema mizimu ina bahati, haiulizwi mama zao walikuwa wapi."

Basi nikawaeleza wote, pale kwenye ngazi, habari ya kabati na yukata na jeneza. Nilikuwa navunja ahadi na nilijua navunja. Niliongea kwa sauti ileile ninayosomea mita ya maji. Nilipofika kwenye shangazi na kitambaa chake, Bi Tokushige alikuwa amefunika uso na lile jalada la picha. Honoka alikuwa bado amesimama na yukata wazi, akiishika kwa mikono miwili.

"Babu," alisema, "nifunge basi. Kama alivyotakiwa kufungwa."

Nikamfunga. Kulia chini, kushoto juu, nikanyoosha mgongoni, nikapitisha mkanda. Si kazi yangu, na mkanda ulikaa kombo. Bi Tokushige aliinuka, akanisukuma pembeni kwa kiwiko, akaufungua, akaufunga upya. Alichukua muda wake. Alipitisha kiganja kwenye kola mara mbili, tatu, ingawa ilikuwa imeshanyooka tangu mara ya kwanza.

"Haya," alimwambia, si kwa sauti ya kuongoza watalii. "Sasa nenda, mwanangu."

Honoka akapanda hadi kwenye kona ya ukuta. Mimi nikawekwa chini, mahali pa mwanafunzi. "Mzee, unapanda tu," Ritsuko alinielekeza, na sauti yake ilikuwa imepungua utani. "Akikupita, usigeuke. Kwenye filamu hageuki."

"Nimesikia."

Nikaanza kupanda. Honoka akatokea kwenye kona, yukata imekaa sawasawa, tikiti likining'inia. Alishuka bila haraka. Tulipokaribiana aliinamisha kichwa, nami nikainamisha changu, akapita upande wangu wa kulia, na ile pamba ikagusa mkono wangu. Niliusikia mguso. Ulikuwa wa baridi kidogo, mgumu kidogo, kama nguo iliyokaa kabatini. Nikasikia na goti linauma. Nikasikia harufu ya ubani kutoka hekaluni, na jinsi nilivyokuwa na njaa, na kwamba Chizuru hayupo.

Nikageuka. Nilimtazama akishuka, ngazi baada ya ngazi, wavu ukigongagonga mguu wake, mpaka alipofika chini na kusimama. Kola yake ilionekana vizuri hata kwa mbali. Nililia kwa sauti, mbele za watu, na sikutafuta kitambaa.

Ritsuko alingoja kwa adabu mpaka nikatulia. Kisha akaitazama simu yake.

"Mzee, umegeuka," alisema. "Turudie?"

"Hapana," nilisema. "Iache hivyo hivyo."