Wewe Upo

...na hiyo "ningekuja" alishaisikia, hakuhitaji kusikia zaidi, akaendelea kusugua kisigino cha mama kwa jiwe, mguu ndani ya beseni, simu juu ya stuli inapayuka, "Dada, mimi ningekuja, wallahi, tatizo kazi tu," na huyu mdogo wake, kitinda mimba, lini amewahi kuwa na tatizo lisilokuwa kazi, miezi sita tu ndiyo aliyoombwa, aje akae na mama, dada yake aende akafundishe ng'ambo, nafasi ambayo mkuu wa chuo anamshikia mpaka kesho asubuhi na ambayo hairudi tena kwa mwalimu anayekaribia kustaafu, na jibu ndilo hilo, ningekuja, haya, ahsante sana... na yeye maisha yake yote anawafundisha watu wazima Kihispania na Kijerumani jioni jioni, anachora mstari katikati ya ubao, huku yaliyopo, huku yanayotamaniwa, yanayoogopwa, yanayoombwa, maana Mhispania akimtakia mtu jambo kitenzi chenyewe hubadilika sura, na juzi fundi cherehani mmoja akauliza, "Mwalimu, yaani kutaka tu ndiyo kitenzi kigeuke?" darasa likacheka, naye akacheka, akamwambia mbona hata sisi, mtoto anakula, mtoto ale, hujaviona hivyo viwili?... "Sogeza simu, mama anisikie," mdogo wake alisema, akaisogeza kwa kiwiko, mikono imejaa povu. "Shikamoo mama." "Marahaba, baba yangu, Mungu akulinde, akufungulie milango, akuepushe na mahasidi," na sauti ya mama ikapata nguvu ghafla, sauti ile ile ambayo asubuhi haikuweza hata kuomba uji, akulinde, akufungulie, akuepushe, halafu kwake yeye ni leta, ondoa, geuza, mbona ya moto hivi, umeiweka wapi miwani yangu... lakini amlalamikie nani, mama ni mama... Wajerumani wana dawa yao, ukisimulia maneno ya mtu unakigeuza kitenzi ijulikane ni maneno yake huyo, wewe humdhamini, na Waturuki nao, Kituruki alikianza akakiacha mama alipoanguka bafuni, wana kiambishi kizima cha mambo uliyoyasikia tu hukuyaona, sisi tuna eti, na eti inatosha kabisa, eti kazi, eti likizo imefutwa, eti mkewe hawezi kubaki na watoto peke yake... "Ningalijua mapema ningalijipanga," mwongo mkubwa we, aliambiwa tangu mvua hazijaanza, akasema Mungu akipenda, na Mungu akasingiziwa kama kawaida... "Sasa dada, nifanyeje?" na hapo anapajua, ni nafasi yake ya kusema usijali, niachie mimi, ulimi ulishajikunja kuyatamka, kama alivyoyatamka baba alipofariki, kama alivyoyatamka wakati yule mpima ardhi aliyetaka kumwoa anamuuliza, mimi nikungoje mpaka lini, akaenda akaoa kwingine na watoto wake sasa wana ndevu, lakini leo akaung'ata huo ulimi, akasugua, na mdogo wake akawa anahema tu kwenye simu, hajui afanye nini na kimya cha dada yake, mpaka mama akamwokoa. "Mwambie asijisumbue. Mwenzako ana majukumu. Wewe upo." Wewe upo. Wala hakulisema kwa ubaya, alilisema kama mtu anavyosema kiti kipo, kaa... na ni kweli, yupo, mdogo wake ni dua na yeye ni taarifa, nani atapoteza pumzi kuliombea jambo ambalo lipo, na hapo ikamuuma hasa, maana aligundua hakuwa amepiga simu ili mdogo wake aje, kwamba haji alilijua zamani, simu aliiweka stulini ili mama asikie, asikie ni nini kinachoombwa, aseme neno moja, mwanangu aende, hata kwa kisirani, hata aende zake huko, angelipokea, angelibeba kama baraka... mjinga mimi, mzee mzima... Yule muuguzi mstaafu wa nyumba ya pili ameshasema atakaa na mama kwa ujira, na nusu ya ujira mdogo wake atatoa, apende asipende. "Dada? Uko hapo?" Aliunyanyua mguu wa mama, akaukausha katikati ya vidole, taratibu, kwa sababu hapo ndipo panapochubuka, akautumbukiza mwingine, na kwa kuwa hakuna aliyekuwepo wa kumsemea akajisemea mwenyewe, chini chini, niende. "Umesemaje?" mama akauliza. "Nimesema maji yamepoa." "Basi ongeza ya moto," mama akasema, naye akanyoosha mkono kwenye birika, akaongeza.