Udongo wa Chungu cha Pilipili

Saa mbili kasorobo asubuhi Josée alimvalisha Mama Eulalie soksi za kubana miguu. Alianza na mguu wa kushoto, kwa sababu ndio uliokuwa na ubishi. Ilikuwa Jumamosi, tarehe kumi na tano Julai mwaka 2000, na flati ile ya ghorofa ya tatu pale Thamesmead ilinuka uji wa shayiri na dawa ya kuchua. Ukutani, kando ya kalenda ya kanisa, palibandikwa karatasi ya njano kutoka kituo cha wazee: Matembezi ya Kitamaduni ya Siku Moja, Kisiwani, Pamoja na Kiongozi. Basi saa tatu kamili. Njooni na makoti ya mvua.

Kila kiangazi kituo kiliwatoa wazee wake kidogo. Mwaka uliotangulia walipelekwa Margate, wakala chipsi zilizopoa na mzee mmoja akapoteza meno ya bandia mchangani. Mwaka huu wazee wa Karibiani walipiga kura wakashinda, na kituo kikapanga kisiwa. Kwenda na kurudi siku hiyo hiyo, chakula cha mchana kimo.

Josée alikuwa ameisoma karatasi ile tangu Alhamisi na hakuwa amelala vizuri. Alitoka Idjwi, kisiwa kilicho katikati ya Ziwa Kivu. Alifika London mwezi wa kumi na mbili mwaka 1996 na koti la kuazima, akaomba hifadhi, na tangu siku hiyo alikuwa anangoja jibu. Ofisi ya uhamiaji ilimruhusu kufanya kazi, ikamtaka aende kutia sahihi kila Jumatatu, ikampa karatasi yenye masharti saba. Sharti la tano lilisema kwamba asitoke nje ya nchi kabla ya jibu, na kwamba atakayetoka atahesabiwa amejiondoa mwenyewe. Binti yake, Miradie, mwenye miaka tisa, alibaki Idjwi na bibi yake. Karatasi zikitoka, Miradie atakuja. Josée hakuwa na mpango mwingine duniani, na hakuona aibu kusema hivyo.

Lakini Mama Eulalie hangeweza kwenda peke yake. Alitoka kisiwani mwaka 1956, akafua mashuka ya hospitali kwa miaka thelathini na moja, asirudi hata mara moja. Majira ya baridi yaliyopita Kiingereza kilimtoka chote, akabaki na Kikreoli cha utotoni. Shirika lilimletea wahudumu watatu, na kila mmoja alizungumza naye Kiingereza kile kile kwa sauti ya juu zaidi. Wa nne alikuwa Josée, mwenye Kifaransa cha shule ya masista. Kifaransa na Kikreoli ni kama shangazi wawili waliokosana: hawatembeleani, lakini kila mmoja anajua jikoni kwa mwenzake.

"Usipokwenda, siendi," Mama Eulalie alisema. "Na mama ananingoja. Yuko kwenye ratiba."

Ilikuwa kweli. Kituo cha nne, baada ya chakula, kiliandikwa: Mama yake Eulalie, dakika ishirini na tano.

Njia Josée aliipata Ijumaa akiosha sufuria. Bibi yake mzaa baba aliolewa ng'ambo ya ziwa, na siku ya kuhama alitia udongo wa kwao ndani ya viatu. Aliishi ng'ambo miaka hamsini na mbili, na mpaka anakata roho aliapa kwamba hajawahi kuhama, na katika ukoo hakuna aliyethubutu kumbishia. Mtu yupo pale penye udongo ulio chini ya nyayo zake. Josée alipiga magoti kwenye roshani, penye chungu ambamo Mama Eulalie alipanda pilipili mbuzi, akachota vijiko viwili kwa kila kiatu. Udongo ulikuwa mweusi, laini, wenye unyevu. Akavaa soksi nene, akaingiza miguu, akatembea mpaka mlangoni na kurudi. Haukumwagika.

Dereva wa basi alikuwa Surjit, mtu wa Ilford, mwenye kilemba cha buluu na thermosi ya chai. Alilalamika juu ya maegesho, akawafunga mikanda wazee ishirini na mmoja na Josée, akaendesha mpaka kivuko cha Woolwich. Katikati ya mto upepo uligeuka ukawa wa joto. Surjit akazima hita. Kivuko kilipofika ng'ambo hapakuwa na North Woolwich ila gati la mbao, minazi, na duka lenye bati jekundu. Mzee mmoja akauliza kama kuna choo. Kilikuwepo, nyuma ya duka, na ufunguo ulitakiwa kuombwa.

Kiongozi wao, Gervais, kijana nadhifu mwenye shati jeupe, aliinua juu mwavuli wa kijani uliofungwa ili wasimpoteze, akawahesabu. Alisema maneno ambayo bila shaka aliyasema kila Jumamosi: karibuni kisiwani, maji ya bomba yanafaa, saa ya hapa iko nyuma, lakini basi litafuata saa ya London.

Kituo cha kwanza waliona kakao ikianikwa juani na mwanamke akiigeuza kwa miguu. Cha pili kilikuwa kanisa. Cha tatu palipigwa ngoma, watu wa mji wakacheza ngoma ambayo wageni waliambiwa ni ya kale, kisha wakala shelisheli la kuchoma na samaki wa chumvi. Wazee walisema chumvi imepungua. Muda wote huo Josée alitembea kwa kuburuta, kidole gumba kikibana udongo, mkono wake ukiwa chini ya kwapa la Mama Eulalie. Hakukaa chini wala hakuegemea ukuta. Alipopewa chungwa alilila akiwa amesimama, na maganda akayatia mfukoni.

"Una nini miguuni?" Surjit alimuuliza.

"Thamesmead," Josée alijibu.

Surjit akaitikia kwa kichwa kwamba ameelewa. Baba yake, alisema, alikuja Uingereza na udongo wa Jalandhar kwenye kopo la maziwa ya unga. Forodhani walimnyang'anya.

Kituo cha nne kilikuwa nyumba ya mbao yenye vyumba viwili juu ya kilima. "Dakika ishirini na tano," Gervais alisema. "Picha zinaruhusiwa. Tafadhali msiguse vyombo."

Mama yake Eulalie alikuwa jikoni uani, akikoroga chungu. Alifariki mwaka 1961 akiwa na miaka arobaini na tisa, na umri wake haukuwa umesogea. Binti yake sasa alikuwa na sitini na minane. Mama alimtazama miguu kwanza.

"Imevimba."

"Ndiyo, mama."

"Ni ya kusimama. Ulisimama sana."

"Nilikuwa dobi."

Mama akakoroga. "Siku tatu niliwekwa sebuleni ukingojwa uje. Ya nne wakanizika, maana kulikuwa na joto."

"Hospitali hawakunipa ruhusa."

"Uliomba?"

"Mara mbili. Walisema nikienda, kazi sitaikuta."

"Ulifanya vizuri kuomba," mama alisema, akaonja mchuzi, akaongeza chumvi. Wazee wengine walikuwa wakipiga picha banda la kuku. Kisha akamnyooshea Josée kijiko. "Na huyu?"

"Ndiye anayenivalisha soksi."

"Una mtoto, binti?"

"Mmoja, mama. Yuko na bibi yake."

"Wote husema hivyo," mama alisema, bila ubaya, kama mtu anayeeleza bei ya sukari.

Josée aliumia. Aliinama kama anakaza kamba za viatu ili Gervais asimwone. Mama Eulalie hakulia. Alikula bakuli mbili, akaambiwa anakula kwa pupa, akacheka. Ilipofika dakika ya ishirini na nne mwavuli wa kijani ukainuliwa, na mama akamwambia binti yake avae kofia.

Kwenye basi Josée alimwendea Gervais akamuuliza kwa Kifaransa kama kampuni yao ina matembezi ya kwenda Idjwi. Gervais alitoa daftari, akaandika jina, akauliza herufi zake.

"Ni kisiwa?"

"Ni kisiwa kabisa."

"Bahari gani?"

"Ziwa. Ziwa Kivu."

Gervais akafuta. Alionekana kusikitika kweli. "Maziwa hatufanyi," alisema.

Jumatatu Josée alikwenda kutia sahihi. Kwenye foleni ya dirisha la pili alivaa viatu vilevile na hakuwa amevikung'uta. Afisa alikuwa na orodha ya abiria wa kivuko mezani, jina la Josée limepigiwa mstari. Hakuuliza kisiwa kilifikaje ng'ambo ya mto. Aliuliza juu ya sharti la tano. Kando yake alikaa mkalimani, Abdulwakil, mtu wa Unguja mwenye shali shingoni hata Julai.

"Dada, anauliza, Jumamosi ulitoka nje ya nchi?"

"Hapana, kaka. Umuambie, nilienda paka kutembea tu."

Abdulwakil akasita, kalamu mdomoni. "Kutembea kwa miguu, au kutembea kuzuru watu? Maana kwetu ni neno moja, na yeye anayo mawili."

"Yote. Lakini miguu yangu ilikuwa mu bulongo ya Thamesmead. Haikutokaka."

"Bulongo?"

"Ile bulongo ya kulima. Iko mu viatu."

"Aa, udongo," Abdulwakil alisema, akatafsiri kwa utulivu, na afisa akaandika. Akauliza ni kiasi gani. Vijiko viwili kila kiatu. Akauliza kama ulimwagika wakati wowote. Haukumwagika. Afisa alikwenda chumba cha ndani, akarudi na msimamizi, nao wakakubaliana kwamba hoja hiyo inasikilizika. Walivitia viatu kwenye mfuko wa plastiki wenye namba na kumpa Josée ndala za mpira za kurudia nyumbani. Abdulwakil alimsindikiza mpaka mlangoni. "Mie nimetafsiri vyema, dada," alisema. "Wameyashika kabisa. Jitie moyo."

Josée alijitia moyo siku kumi na saba. Jumapili aliimba kanisani kwa sauti mpaka waumini wakageuka, na katika chumba chake cha kupanga Barking alimpimia Miradie kitanda kwa hatua zake, kati ya dirisha na kabati.

Barua ilifika Alhamisi, pamoja na viatu. Vilikuwa vimesafishwa na kupakwa rangi. Ilisema ofisi inakubali kwamba muombaji hakuwahi kukanyaga kisiwa. Hata hivyo udongo umepimwa, na si wa Thamesmead, wala si wa Uingereza. Ni mboji ya kununua madukani, iliyochimbwa na kutiwa mifukoni Ayalandi. Kwa hiyo tarehe kumi na tano Julai, kuanzia saa tatu asubuhi, muombaji alikuwa Ayalandi bila ruhusa, na ombi lake limehesabiwa kuondolewa. Kwa kuwa hakuna kumbukumbu ya yeye kuingia tena, ofisi haiwezi kuthibitisha kwamba yupo nchini. Ruhusa ya kufanya kazi imekoma.

Alikwenda nayo kwa Mama Eulalie, akatoka nje kwenye roshani. Nyuma ya chungu, chini ya beseni, palikuwa na mfuko mtupu wa plastiki, na maandishi yake alikuwa akiyaruka kila siku anapofagia. Aliyasoma. Barua ilisema kweli.

Ijumaa alimfundisha mhudumu mpya namna ya kuvisha soksi, kuanzia mguu wa kushoto. Mhudumu alikuwa msichana mwema, na alimsalimu Mama Eulalie kwa Kiingereza, kwa sauti ya juu. Mama Eulalie alimtazama Josée mlangoni.

"Uliomba?" alimuuliza kwa Kikreoli.

"Niliomba, mama."

"Ulifanya vizuri," Mama Eulalie alisema.

Kila Jumamosi ya kwanza ya mwezi bibi alivuka ziwa na Miradie mpaka Bukavu, kwenye nyumba ya simu. Josée alipiga saa tano asubuhi, kutoka kibanda cha simu cha Barking.

"Maman, nitakuya siku gani?"

"Bado, mwana."

"Bibi anasema ulifika ku kisiwa."

"Nilifika."

"Ya kwetu?"

"Hapana. Ya watu wengine."

Nyuma ya Miradie palisikika watu wakigombea zamu.

"Na sasa uko wapi?"

Josée alitazama viatu vyake, vilivyong'aa kuliko siku alipovinunua.

"Niko hapa ku simu, mwana," alisema.

"Sawa," Miradie alisema, akampa bibi simu.