Nondo Waliotoka Ukutani

Kambere, mume wangu, alikuwa karani wa ofisi mjini Beni, na mwaka ule wa 1964 hilo lilitosha kumuua mtu. Waasi, wale Basimba, walipofika kwetu Mbau nilimficha jikoni, nyuma ya ukuta mwembamba wa udongo, pamoja na magunia yetu ya mahindi. Chakula nilimpitishia kwenye tundu nililolifunika kwa mtungi wa maji.

Kwetu mahindi hukaa karibu na moto ili moshi uyalinde. Mimi niliuzima moto ili asikohoe. Nikawa napika nje, mvua ikininyeshea, huku nikimlaani karani aliyechelewa kukimbia kwa sababu ya kutafuta miwani.

Majuma yakapita bila moshi, na nondo wakaingia. Ni wadogo, wa rangi ya majani makavu, mabawa yao yamefumuka pembeni kama nguo kuukuu. Jike hutaga juu ya punje. Kiwavi hutoboa, hujifungia ndani na kula, na kwa nje punje huonekana nzima kabisa. Kabla ya kugeuka hutafuna kidirisha, akabakiza ngozi nyembamba ambayo nondo ataisukuma siku ya kutoka. Haya yote Kambere alininong'onezea tunduni, maana hakuwa na kazi nyingine ila kuwatazama.

"Agar, bibi yangu, banatoka kila magaribi," aliniambia. "Banafuata mwangaza kwenye nyufa."

"Ubaue."

"Beko bengi. Na hapa hapana nafasi ya kuinua mukono."

Niliogopa sana. Nilizikandika nyufa, udongo ukakauka, ukapasuka tena.

Jioni moja mwasi mmoja akaingia na bunduki, wenzake wakabaki barabarani. Alisema anaitwa Muyisa, mtu wa Eringeti. Aliketi, akataka chakula, akaniamuru niwashe taa. Nikaiwasha. Nondo akatoka ufani, akaizunguka. Wakafuata wengine. Mmoja akatua mkononi mwake.

Alimtazama kwa makini, kisha akayatazama mafiga yangu yaliyopoa.

"Mama, huyu ni mududu ya mahindi. Yenyewe iko wapi?"

Akibomoa yeye, ataona kila kitu.

"Iko nyuma ya ukuta, mutoto yangu. Acha nitoe miye, udongo itakuchafua." Sijawahi kusema na mtu kwa upole kama ule.

Nikautoboa ukuta chini, nafasi ya gunia moja tu. Nikaingiza mikono, nikashika pembe, nikavuta. Gunia likaja jepesi, kwa sababu yule mpumbavu wangu alikuwa akilisukuma kutoka ndani.

Muyisa aliona. Alilitazama gunia, akaitazama mikono yangu myembamba.

"Hii moja inatosha," akasema, akalipandisha begani. Mlangoni akasimama bila kugeuka. "Washa moto, mama. Leo hii. Benye batakuya kesho, nabo ni batoto ya balimaji, batajua hii mududu."

Nikaliziba shimo, nikapanga kuni chini ya ukuta ule. Moshi ukajaa, ukapenya nyufani, nondo wakaanza kuanguka. Kisha nikamsikia Kambere akikohoa, ameziba mdomo kwa shati, na wale waasi walikuwa bado barabarani. Nikaongeza kuni huku nalia. Nikaanza wimbo wa kanisa, na kila alipokohoa niliimba kwa nguvu zaidi.